Ukikopa milioni 80 za nyumba utalipa ngapi mpaka mwisho? Piga hesabu hivi kabla hujasaini

Wengi wetu tukienda benki kuulizia mkopo wa nyumba swali la kwanza ni moja tu, rejesho kwa mwezi shingapi, na afisa mikopo naye anajibu hilo hilo ulilouliza, milioni moja na laki moja na kitu, basi mtu anaangalia mshahara, anatoa ada za watoto, anaona inaingia, anasaini. Swali la jumla mpaka mwisho haliulizwi kabisa. Na mkopo wa nyumba ndo deni kubwa kuliko yote mtu wa kawaida atakayobeba maishani, kwa hiyo naomba usome hii yote taratibu, ikiwezekana na simu mkononi upige hesabu zako mwenyewe.

Nitatumia mfano mmoja mwanzo mpaka mwisho. Mkopo milioni 80, riba 16% kwa mwaka, miaka 20. Hapa Tanzania riba za mikopo ya nyumba kwa miaka mingi zimekuwa zikicheza kwenye 15 mpaka 19, kwa hiyo 16 sijaipandisha ili kukutisha. Usichanganye na ile riba ya Benki Kuu (BoT), inayoitwa CBR, iliyoanza Januari 2024 kwa 5.5% na ikawa 6% Aprili mwaka huo huo, ile inahusu BoT na mabenki, wewe huipati.

Fungua Eksel au Google Sheets kwenye simu, andika hivi kwenye kiboksi kimoja: =PMT(16%/12,240,-80000000). Hiyo 240 ni miezi, yaani miaka 20 mara 12. Itakuletea kama 1,113,005. Hilo ndo rejesho lako. Sasa zidisha kwa 240. Inakuja milioni 267. Umekopa milioni 80, unarudisha milioni 267, riba peke yake ni milioni 187, yaani nyumba yako moja umeinunua mara tatu na zaidi. Hakuna aliyekuibia hapo, ni hesabu halali kabisa na iko kwenye mkataba, ila ni watu wachache sana wanaoijua siku wanasaini.

Sasa ingia ndani ya hilo rejesho, maana hapa ndo penyewe. Omba benki ikupe ratiba ya marejesho, ile karatasi yenye mistari 240, usikubali kuondoka bila hiyo. Mstari wa kwanza utakuta hivi: umelipa 1,113,005, riba 1,066,667, kilichopunguza deni 46,338. Elfu arobaini na sita! Mwezi wa pili deni linakuwa limepungua kidogo sana kwa hiyo riba inashuka kidogo sana, 1,066,049, na deni linapunguzwa kwa 46,956. Mwaka mzima wa kwanza utakuwa umetoa milioni 13 na laki tatu na nusu, na deni limeshuka kwa kama laki sita tu. Ukifika mwaka wa tano umeshalipa karibu milioni 67, halafu unaangalia salio unakuta bado unadaiwa milioni 75.8. Mwaka wa kumi, katikati kabisa ya mkopo, umelipa milioni 133.5, unadaiwa milioni 66.4. Nusu ya deni unaifikia karibu unatimiza mwaka wa 16, na ni mwezi wa 189 ndo kwa mara ya kwanza kwenye rejesho lako sehemu inayopunguza deni inazidi riba.

Kwa nini iko hivyo? Riba inapigwa kwenye deni lililobaki, na mwanzoni deni lililobaki ni lote. Rejesho ni lile lile kila mwezi, riba inachukua chake kwanza, deni linapata makombo. Ndo maana mtu anauza nyumba mwaka wa tano akidhani ana pesa nyingi mle ndani, kumbe akishalipa deni la benki, dalali na kodi anatoka na kidogo sana isipokuwa kama bei ya nyumba yenyewe imepanda.

Kitu cha kwanza cha kuchezea ni muda. Kwenye ile fomula badilisha 240 weka 300, miaka 25. Rejesho linashuka mpaka 1,087,111, yaani umepunguziwa kama elfu 26 kwa mwezi, lakini jumla inapanda mpaka milioni 326. Milioni 59 zaidi kwa ajili ya elfu 26 ya mwezi! Sasa rudi chini, weka 180, miaka 15: rejesho 1,174,960, jumla milioni 211.5. Umeongeza elfu 62 tu kwa mwezi, umeokoa milioni 55 na nusu. Miaka 10 rejesho ni 1,340,105 na jumla ni milioni 160.8. Kwa hiyo ukiambiwa "tukuongezee muda rejesho liwe dogo dogo upumue", piga hesabu kwanza hapo hapo mezani. Kwa riba zetu hizi ukishavuka miaka 15 kurefusha muda hakukupunguzii karibu chochote kwa mwezi.

Riba nayo usiipokee kama bei ya dukani. Asilimia 14 badala ya 16 kwa miaka 20 ni tofauti ya milioni 28, kwa hiyo nenda benki zaidi ya moja, na kama mwajiri wako ana makubaliano na benki uliza wanawapa wafanyakazi riba gani. Tangu kampuni ya TMRC ianzishwe 2010 ili kuyakopesha mabenki pesa za muda mrefu kwa ajili ya mikopo ya nyumba, zinazotoa huu mkopo zimeongezeka, una pa kuulizia.

Halafu uliza hivi, neno kwa neno: riba inapigwa kwenye deni linalobaki au ni flati? Mikopo ya nyumba ya benki mingi ni ya deni linalobaki, ila watu wanaojenga kwa mikopo midogo midogo ya miaka mitatu mitatu wanakutana sana na flati. Mfano milioni 10, riba 12% flati, miaka 3: riba ni milioni 1.2 kila mwaka hata kama deni limeshashuka, jumla 13,600,000. Ukiigeuza iwe kwenye mizani moja na ile ya benki hiyo ni kama 21%. Mtu anaona 12 anaikimbilia anaiacha ya 16, na amekimbilia ghali.

Swali lingine, riba haibadiliki au inapanda na kushuka? Kwenye mikataba mingi kuna kifungu kinairuhusu benki kubadilisha riba kwa taarifa. Tuseme baada ya miaka miwili inatoka 16 inaenda 18, rejesho lako linapanda kwa kama elfu 117 kwa mwezi, na mshahara haujaambiwa. Ukiona rejesho la leo linakubana mpaka kooni basi huo mkopo ni mkubwa kwako. Kuna ile kanuni ya makato yasizidi theluthi mbili ya mshahara, kwa rejesho letu hili ina maana mshahara uwe angalau 1,670,000, lakini ule ni ukomo wa juu kabisa. Usiufanye lengo.

Gharama za pembeni sasa. Kuna ada ya kuchakata mkopo, ikiwa 2% ni 1,600,000, weka VAT 18% juu ya hiyo ada inakuwa 1,888,000. Kuna mthamini, wakili, ushuru wa stempu, kusajili rehani ardhi. Benki ikikwambia "usijali hizi tunazijumlisha kwenye mkopo" kumbuka zinaingia kwenye riba ile ile ya miaka 20, hiyo 1,888,000 utakuja kuilipa kama milioni 6.3, kwa hiyo kama unaweza toa mfukoni. Kuna bima ya maisha ya mkopo, nzuri na ninaiunga mkono kwa nguvu zote maana ukifariki familia inabaki na nyumba badala ya deni, ila uliza ni asilimia ngapi na inapigwa kwenye mkopo wa mwanzo au salio. Ikiwa 0.5% ya mkopo wa mwanzo kila mwaka ni laki nne, mara 20 ni milioni 8. Bima ya moto ya nyumba nayo. Kodi ya pango la ardhi kila mwaka, kodi ya jengo inakatwa kwenye luku, na kama ni ghorofa za kununua chumba chumba kuna michango ya lifti, walinzi, maji ya tenki, na hiyo huwa inapanda. Halafu nyumba inachakaa, miaka 20 utapaka rangi si mara moja na bati nazo zina siku zao.

Kabla hujasaini unayo haki ya kupewa haya yote kwa maandishi. Kanuni za BoT za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha za 2019 zinaitaka benki ikueleze riba, ada na masharti mapema. Kaa na karatasi nyumbani, na kama mna ndoa mkae wawili, maana Sheria ya Ardhi inataka mwenzi aridhie nyumba ya familia kuwekwa rehani, sasa asiridhie kwa kusainishwa tu haraka haraka, aone ile mistari 240 kama ulivyoiona wewe.

Sasa habari njema, na ndo sehemu ninayotamani kila mwenye mkopo aijue. Kwa kuwa riba inapigwa kwenye salio, shilingi yoyote ya ziada unayolipa mapema inakwenda yote kwenye deni, na inaua riba ya miaka yote iliyobaki. Kwenye mfano wetu ukiongeza laki moja kila mwezi tangu mwanzo, 1,213,005 badala ya 1,113,005, mkopo wa miaka 20 unaisha kwa miaka 13 na miezi 4, na jumla inashuka kutoka milioni 267 mpaka kama 194. Laki moja hiyo imekuokolea milioni 73. Au tuseme huna cha kila mwezi ila mwisho wa mwaka wa kwanza umepata bonasi au umevuna mpunga au mmevunja kikoba, ukaweka milioni 5 mara moja tu, basi umekata miaka mitano mizima ya marejesho! Milioni 5 hiyo hiyo ukiiweka mwaka wa 18 haifanyi maajabu yoyote, kwa hiyo pesa ya ziada ina nguvu mwanzoni.

Ila kuna mtego. Ukipeleka pesa ya ziada benki bila maelekezo, inaweza kukaa kwenye akaunti ikisubiri rejesho lijalo, au wakapunguza rejesho na muda ukabaki ule ule. Andika barua, sema wazi: pesa hii ipunguze deni lenyewe, rejesho libaki vile vile, muda upungue. Kisha omba ratiba mpya ya marejesho na uone kweli mistari imepungua. Na kabla hata ya kusaini mkopo uliza kama kuna penati ya kulipa mapema, kama ipo jadili iondolewe au ishuke, hiki ni kifungu cha kupigania kuliko hata nusu asilimia ya riba.

Kuna watakaosema milioni 267 ya miaka 20 ijayo si ya leo, na ni kweli, pesa inapungua thamani. Nimeipiga: mfumuko wa bei ukikaa 3% kwa mwaka miaka yote, marejesho yako yote kwa thamani ya leo ni kama milioni 200. Bado ni mbali sana na 80. Mfumuko mdogo ukikutana na riba kubwa haukuokoi.

Je, ujenge kidogo kidogo badala yake? Wengi wetu ndo njia yetu, kiwanja mwaka huu, msingi mwakani, tofali zinalala nje mpaka bati zipatikane. Ni nafuu kwa kuwa hakuna riba, lakini iingize kodi ya nyumba unayolipa muda wote huo, saruji na nondo zinazopanda, na mafundi wanaorudia kazi. Mtu anayepanga kwa laki nne na anaweza kumaliza nyumba kwa miaka sita mimi namwambia ajenge. Anayepanga kwa laki nane na hajui ataanza lini, mkopo mdogo wa miaka 10 unaweza kumfaa, hasa akiwa na kianzio kikubwa. Njia ya kati ipo pia na naipenda, jenga kwa pesa yako mpaka boma liezekwe, halafu kopa ya kumalizia tu, maana milioni 25 za miaka 7 na milioni 80 za miaka 20 haviko hata karibu.

Na ukimaliza kulipa usiishie kufurahia stetimenti yenye sifuri. Hati iko benki, na kwa Msajili wa Hati bado inaonekana ina rehani. Omba barua ya kumaliza deni, omba benki isaini nyaraka za kuondoa rehani, zipeleke zikasajiliwe, halafu fanya upekuzi mwenyewe uone jina lako liko peke yake. Kuna gharama ndogo hapo ya usajili na wakili, itengee kabisa kwenye bajeti ya mwaka wa mwisho.