Jinsi ya Kupanga Mabosi na Kumkuza Mhusika Wako Katika Elden Ring

Swali ninaloulizwa zaidi kuhusu gemu ya Elden Ring ni hili: "Kaka, niwe leveli ngapi kabla ya kwenda kwa Margit?" Nami huuliza kwanza: silaha yako imefika kiwango gani, na Vigor yako (takwimu ya uhai) ni ngapi? Leveli peke yake haimtishi bosi, yaani adui mkuu kama huyo Margit. Kinachomtoa damu ni silaha iliyopita kwa mhunzi, na kinachokuacha umesimama baada ya pigo lake ni uhai wako na chupa zako za kujiponya. Ukiipanga safari kwa kufuata vitu hivyo vitatu, utajua lini uende kwa bosi gani na lini umwache kwanza.

Gemu hii ya FromSoftware, iliyotoka Februari 2022, haikushiki mkono. Ramani iko wazi tangu mwanzo, na ndiyo maana mtu anaweza kukesha kwenye mlango mmoja wa ukungu, ule wa kuingilia kwa bosi, wakati vitu anavyovihitaji viko upande wa pili wa daraja. Majina ya mahali na ya takwimu nitayaandika kama yanavyoonekana kwenye skrini ili usipotee.

Hatua ya 1: Chagua silaha kabla ya kugawa pointi

Darasa la kuanzia halikufungi. Linakupa tu takwimu za mwanzo, na mtu yeyote anaweza kuishia popote. Kwa anayecheza mara ya kwanza kwa upanga, napendekeza Vagabond: anaanza na Vigor 15, ngao nzuri na vazi la chuma. Samurai naye ni mzuri kwa sababu anaanza na Uchigatana, silaha inayomfanya adui avuje damu.

Lakini uamuzi wenyewe ni wa silaha. Tafuta moja unayoipenda, soma masharti yake, kisha peleka pointi huko tu mpaka uweze kuishika. Chukua mfano wa Bloodhound's Fang. Unaipata kwa kumshinda Darriwil kwenye Forlorn Hound Evergaol, huko huko Limgrave, eneo la kuanzia, na inataka Strength (nguvu) 18 na Dexterity (wepesi) 17. Vagabond ana 14 na 13. Maana yake ni pointi nane tu, na una silaha inayoweza kukupeleka hadi mwisho wa gemu. Baada ya hapo kila pointi mpya iende kwenye Vigor kwa muda mrefu.

Usitawanye. Mchezaji mwenye Strength 20, Intelligence 20 na Faith 20 mapema ana silaha tatu dhaifu mkononi.

Hatua ya 2: Elewa hesabu ya Vigor na ya mawe

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu mpango mzima umesimama juu ya hesabu hizi mbili.

Vigor 25 inakupa HP (pointi za uhai) 800. Vigor 40 inakupa 1450. Yaani pointi 15 zinakaribia kuuongeza uhai wako mara mbili. Kutoka 40 hadi 60 unafika 1900, bado ni faida kubwa. Lakini kutoka 60 hadi 99, pointi 39 nzima, unaongezewa 200 tu. Kwa hiyo lengo la kwanza ni 40, la pili ni 60, na hapo unaacha kabisa.

Silaha nazo ziko za aina mbili. Za kawaida hupanda hadi +25 kwa Smithing Stone, mawe ya mhunzi. Kila ngazi tatu hutumia mawe ya daraja moja: mawili, kisha manne, kisha sita. Kwa hiyo kufika +3 unahitaji mawe 12 ya daraja la kwanza, kufika +6 unahitaji 12 ya daraja la pili, na kadhalika. Silaha maalumu, kama hiyo Bloodhound's Fang, hutumia Somber Smithing Stone, jiwe moja tu kwa kila ngazi, na kikomo chake ni +10. Usidanganyike na tofauti ya namba: +10 ya Somber inalingana na +25 ya kawaida.

Ndiyo maana nawashauri wageni wachukue silaha ya Somber. Mawe machache, mhangaiko mchache, na runi zako (fedha ya gemu, ndiyo pia ya kununulia leveli) zinabaki kwa ajili ya Vigor.

Kama unashika silaha nzito, kumbuka pia kwamba kuishika kwa mikono miwili kunaihesabu Strength yako mara moja na nusu. Ukifika Strength 54, mikono miwili inakupa 81, na hapo faida ya kuongeza pointi imeshapungua sana. Pointi zilizobaki zipeleke kwingine.

Hatua ya 3: Kabla ya Margit, nenda kusini

Ukitoka pangoni mwanzoni utamwona mpanda farasi wa dhahabu, Tree Sentinel. Mpite. Pumzika kwenye vituo vya neema mpaka Melina ajitokeze akupe farasi Torrent, kisha rudi Church of Elleh, ambapo Renna atakukabidhi kengele ya kuita roho pamoja na mbwa mwitu watatu. Hao mbwa mwitu wanamshughulisha bosi wakati wewe unakunywa chupa. Tumia bila aibu.

Sasa vuka Bridge of Sacrifice uingie Weeping Peninsula. Eneo hili limewekwa kwa ajili yako, na wengi wanalikimbia kwa kuwa mwanga wa vituo vya neema unaelekeza kaskazini. Lina makanisa matatu yenye Sacred Tear: Callu Baptismal Church, Fourth Church of Marika na Church of Pilgrimage. Kila moja inaongeza nguvu ya chupa zako. Ongeza lile la Third Church of Marika huko Limgrave, ambalo pia lina chupa ya Wondrous Physick, na chupa zako zitakuwa +4 kabla hujamwona bosi mkubwa hata mmoja. Ukitaka kujipima, Leonine Misbegotten wa Castle Morne ni mtihani mzuri.

Mawe ya daraja la kwanza yachukue Limgrave Tunnels. Meza ya Church of Elleh inakufikisha +3. Zaidi ya hapo ni kwa mhunzi Hewg, huko Roundtable Hold, makao yako ya kurudi.

Nenda kwa Margit ukiwa na silaha +3 na Vigor 20 au zaidi. Fimbo yake huchelewa kushuka makusudi, kwa hiyo angalia mkono unaposhuka ndipo ubiringike. Ukibiringika anapouinua, umekwisha. Patches, kwenye Murkwater Cave, anauza Margit's Shackle kwa runi 5000, na kifaa hicho humlaza chini kwa muda katika sehemu ya kwanza ya pambano. Akikushinda bado, kuna njia ya pembeni ya kuizunguka ngome ya Stormveil Castle hadi Liurnia, eneo linalofuata, bila kumgusa.

Godrick, ndani ya ngome, mwendee na +4 au +5. Great Rune yake (runi kuu unayoipata ukimshinda), ukiiamsha kwenye Divine Tower na kutumia kifaa cha Rune Arc, inaongeza pointi tano kwenye kila takwimu. Kwa pambano gumu la baadaye hiyo ni hazina.

Hatua ya 4: Liurnia, duka la mawe

Kazi ya kwanza hapa ni Raya Lucaria Crystal Tunnel. Bosi wake ni Crystalian, mwili wa kioo usiosikia upanga mpaka umvunje msimamo kwa silaha ya kuponda kama rungu. Akianguka anaacha Smithing-Stone Miner's Bell Bearing ya kwanza. Ipeleke kwa wauzaji Twin Maiden Husks, Roundtable Hold, na kuanzia hapo mawe ya daraja la kwanza na la pili unayanunua kwa runi. Ya pili iko Sealed Tunnel, na ya tatu Zamor Ruins. Mtu mwenye silaha ya kawaida aziandike hizi tatu kwenye mpango wake juu ya majina ya mabosi.

Rennala ndiye bosi wa eneo hili, na ukimshinda anakuruhusu kugawa upya pointi zako zote kwa Larval Tear moja. Machozi hayo yana idadi maalumu, kwa hiyo usiyatumie kwa kujaribu tu.

Wachawi wana njia yao. Meteorite Staff na uchawi wa Rock Sling viko kwenye Street of Sages Ruins, ndani ya kinamasi cha Caelid, na vyote vinataka Intelligence 18. Astrologer anaanza na 16. Panda Torrent, kimbia moja kwa moja, chukua, ondoka. Fimbo hiyo haipandishwi kiwango, kwa hiyo huhitaji jiwe lolote, na mawe ya Rock Sling yanaumiza kwa uzito wake, jambo linalofaa sana kwa Rennala ambaye uchawi wa kawaida haumsumbui.

Hatua ya 5: Radahn, na kile anachokufungulia

Sherehe ya Radahn huko Redmane Castle huanza ukishagusa neema ya Altus Plateau. Lifti ya Dectus inataka vipande viwili vya medali, kimoja Fort Haight na kingine Fort Faroth. Nenda na silaha ya kawaida +12 hivi, au Somber +5, na Vigor 30 kwenda juu. Uwanjani kuna alama za wapiganaji wa kuita. Ziite zote, na zikirudi ziite tena. Wewe kaa juu ya farasi, piga, ondoka.

Sababu ya kumweka mapema kwenye mpango ni hii: akifa, nyota inaanguka Limgrave na kufungua shimo la kushuka Nokron. Huko, Night's Sacred Ground, nyuma ya ukungu unaofunguliwa kwa Stonesword Key moja, kuna Mimic Tear, roho ya kuita iliyo nakala yako mwenyewe yenye silaha yako. Kumwita kunakula HP badala ya FP (pointi za uchawi), sababu nyingine ya kuwa na Vigor.

Hatua ya 6: Kutoka Altus hadi mwisho

Leyndell, jiji kuu, haifunguki bila Great Rune mbili. Za Godrick na Rennala zinatosha. Rykard wa Volcano Manor anaweza kungoja au kuja kabla. Mkuki wa kumuulia, Serpent-Hunter, umelala pale pale kwenye uwanja wake.

Kwa Morgott uwe na Vigor 40 na silaha +16 au Somber +6. Kwa Fire Giant +19 au Somber +8, na mpige mguu wake wa kushoto. Godskin Duo wa Farum Azula hulala usingizi wakipigwa na vitu vya kulaza, basi beba vya kutosha: mmoja akilala, unabaki na kazi ya mmoja.

Kabla ya kumuua Maliketh, maliza kila shughuli yako Leyndell. Akifa, jiji linageuka majivu na vitu vingi ulivyoviacha huvikuti tena.

Uzito nao uangalie kila unapobadilisha vazi. Ukifika asilimia 70 ya uwezo wako, kubiringika kunakuwa kuzito, na mabosi wa mwisho hawasamehi hilo. Pointi chache za Endurance zinatatua.

Hatua ya 7: Malenia, Mohg na nyongeza

Malenia hujiponya kila anapokugusa, hata kwenye ngao. Ngao kubwa iliyokuokoa kwa wengine inamlisha yeye. Mwendee na silaha iliyofika kikomo, Vigor 60, na kitu cha kuvujisha damu au cha kugandisha. Vyote viwili vinamwingia.

Mohg na Radahn lazima wafe wote ndipo uingie Shadow of the Erdtree, nyongeza ya Juni 2024. Huko hesabu inabadilika: leveli yako ya zamani inasaidia kidogo, na nguvu ya kweli inatoka kwenye Scadutree Blessing, ambayo hupanda hadi 20 kwa vipande vilivyotawanywa ardhini. Kwa hiyo ukiingia, usikimbilie bosi wa kwanza unayemwona. Zunguka kwanza ukusanye vipande, panda ngazi tatu au nne, ndipo uguse ukungu.