Kumpa mnyama aliyetoweka jina la mtu: hatua kwa hatua, kwa mifano ya Tendaguru

Kilima cha Tendaguru kipo kaskazini-magharibi ya mji wa Lindi, umbali wa kilomita 60 hivi. Kati ya 1909 na 1913 msafara wa Makumbusho ya Berlin ulichimba pale mifupa ya dinosaria walioishi miaka milioni 150 hivi iliyopita. Mamia ya wenyeji walishika sururu na majembe, na wapagazi walibeba mizigo kwa miguu hadi bandarini Lindi. Wanyama waliotoka kwenye mashimo yale walipewa majina yenye sura ya Kilatini, na mengi kati ya hayo yamebeba majina ya watu.

Kazi yangu ni visukuku, yaani mabaki ya viumbe wa kale yaliyohifadhiwa kwenye miamba: kuviokota, kuvisafisha, kuvipima na kuandika maelezo yake. Vijana wa Lindi na Mtwara wanaosoma jiolojia au baiolojia huniuliza mara kwa mara jina la namna hii linatengenezwaje, na nani mwenye mamlaka ya kulitoa. Nitaeleza kwa utaratibu tunaoufuata kazini. Mifano nimechukua zaidi Tendaguru, kwa sababu karibu kila kanuni ya kazi hii ina mfano wake kwenye kilima kile.

Hatua ya 1: Andika jina la aliyeokota, siku hiyohiyo

Wengi hudhani kazi ya jina huanza ofisini, makala ikikaribia kuisha. Huanza shimoni. Kila mfupa unaotoka ardhini uwe na kadi yenye namba, mahali, tabaka la mwamba, tarehe, na jina kamili la mtu aliyeuona kwanza. Si "kibarua", wala si "mwenyeji". Jina lake, la baba yake, na kijiji chake.

Nasisitiza hili kwa sababu ya yaliyotokea Tendaguru. Tazama nani walipewa majina mapema. Werner Janensch, aliyeongoza uchimbaji pamoja na Edwin Hennig, mwaka 1914 alitoa jina *Brachiosaurus brancai* kwa heshima ya Wilhelm von Branca, mkurugenzi wa makumbusho. Mwaka huohuo alitoa *Dicraeosaurus hansemanni*, kwa David von Hansemann aliyesaidia kutafuta fedha za msafara, na *Dicraeosaurus sattleri*, kwa Bernhard Sattler, mhandisi wa madini aliyetoa taarifa ya mifupa ile mwaka 1906. Mwaka 1920 likaja *Elaphrosaurus bambergi*, kwa Paul Bamberg, mwenye viwanda aliyechangia fedha.

Boheti bin Amrani, msimamizi mkuu wa wachimbaji na fundi wa kutayarisha mifupa, alisubiri hadi 2007, Kristian Remes alipotoa jina *Australodocus bohetii*. Mwaka 2019 ikafuata *Wamweracaudia keranjei*: neno la kwanza, la jenasi (kundi la spishi zilizo karibu kiukoo), linawaenzi Wamwera, wenyeji wa eneo lile, na la pili, la spishi (aina moja ya mnyama), linamuenzi Mohammadi Keranje, aliyekuwa kwenye kazi ya uchimbaji. Heshima hizi ziliwezekana baada ya karibu karne nzima kwa sababu moja tu: majina ya watu hawa yalikuwa yameandikwa kwenye kumbukumbu za msafara. Wenzao wengi hawakuandikwa, na hao hakuna mtaalamu anayeweza kuwaenzi leo hata akitaka.

Hatua ya 2: Kibali, kisha uhakika kwamba ni mpya

Hapa sitakaa sana. Visukuku nchini vinalindwa na Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964. Utafiti unahitaji kibali cha COSTECH, yaani Tume ya Sayansi na Teknolojia, na leseni ya Idara ya Mambo ya Kale. Ukiona mfupa kwenye korongo, piga picha, andika mahali, toa taarifa, uuache ulipo.

Upya wa spishi huthibitishwa kwa kulinganisha mifupa na kila ndugu yake anayejulikana. Kazi hiyo huchukua muda mrefu kuliko hatua nyingine zote, na haina njia ya mkato.

Hatua ya 3: Amua kama mtu ataingia kwenye jenasi au kwenye spishi

Jina lina maneno mawili. La kwanza ni la jenasi, huanza kwa herufi kubwa. La pili ni la spishi, herufi ndogo daima, hata likiwa jina la mtu. Yote mawili huandikwa kwa herufi za mlazo.

Jina la mtu likiingia kwenye jenasi, mara nyingi huongezwa *-ia* mwishoni. Gustav Tornier, mtaalamu wa wanyama wa Berlin, akawa *Tornieria*. Janensch mwenyewe akawa *Janenschia*, jina alilopewa na Rupert Wild mwaka 1991. Likiingia kwenye spishi, hufuata kanuni ya umiliki, nitakayoieleza hatua inayofuata.

Ushauri wangu: mtu umweke kwenye spishi. Jenasi huvunjwa, huunganishwa na hubadilishwa kila wataalamu wanapopanga upya ukoo wa wanyama, lakini jina la spishi husafiri pamoja na mnyama wake. Yule *Brachiosaurus brancai*, ambaye mifupa yake imesimamishwa Berlin kwa urefu wa zaidi ya mita 13, mwaka 2009 alihamishiwa jenasi ya *Giraffatitan*. Neno la kwanza likabadilika. Branca akabaki palepale: *Giraffatitan brancai*.

Hatua ya 4: Weka mwisho sahihi

Kanuni ya Kimataifa ya Majina ya Wanyama, toleo la nne, linalotumika tangu mwaka 2000, inataka hivi kwa jina la mtu wa zama hizi:

mwanamume mmoja, *-i*;
mwanamke mmoja, *-ae*;
wanaume wengi, au wanaume na wanawake pamoja, *-orum*;
wanawake watupu, *-arum*.

Kwa hiyo Sattler ni *sattleri*, na Hans Reck, aliyeongoza uchimbaji baada ya Janensch na Hennig, ni *recki* katika *Tendaguripterus recki*, mtambaazi arukaye aliyepewa jina mwaka 1999. Mary Anning, mchimbaji wa visukuku wa Uingereza aliyefariki 1847, ni *anningae* katika *Ichthyosaurus anningae* wa mwaka 2015.

Majina yetu huishia kwa irabu, na hapo ndipo wanafunzi hukwama. Jina likiishia kwa *i*, unaongeza *i* nyingine: Boheti, *bohetii*. Msahihishaji wa kompyuta ataona kosa na kutaka kuifuta moja. Mkatalie. Likiishia kwa *e*, ni vilevile: Keranje, *keranjei*.

Mwanamume ambaye jina lake linaishia kwa *a* huleta mjadala, maana katika Kilatini cha zamani majina hayo yangeweza kuchukua *-ae*. Kanuni inaruhusu kulichukulia jina kama la Kilatini kamili, lakini mimi napendelea kuongeza *-i*, ili jinsia ya mtu isomeke bila maelezo. Ndivyo ilivyofanyika kwa Branca, na ndivyo ilivyofanyika kwa Saidi Kapilima, mwanajiolojia wa Kitanzania: mwaka 2010 jamaa mdogo wa mamba kutoka Bonde la Rukwa, mwenye meno yaliyogawana kazi kama ya mamalia, aliitwa *Pakasuchus kapilimai*. Mwanamke aitwaye Zuhura atakuwa *zuhurae*. Ukoo wa Chilumba, wanaume kwa wanawake, ukiwapunguzia ile *a* ya mwisho, utakuwa *chilumborum*.

Ukiona *-ae* usikimbilie kudhani ni mwanamke. Samaki wa kale aliyedhaniwa kutoweka pamoja na dinosaria alipatikana Afrika Kusini mwaka 1938 na kuitwa *Latimeria chalumnae*. Mtu yuko kwenye jenasi: Marjorie Courtenay-Latimer, mhifadhi wa makumbusho aliyemtambua kuwa si samaki wa kawaida. *Chalumnae* ni mto Chalumna. Wavuvi wa Songo Mnara, Kilwa, walimvua samaki wa aina hii mwaka 2003, kwa hiyo watu wa Lindi wana haki ya kulijua jina lake vizuri.

Jambo moja zaidi kuhusu miisho. Jina la mtu lililowekwa kwa umiliki halibadiliki kufuata jinsia ya jenasi, bali kivumishi hubadilika. *Gigantosaurus africanus* alipohamia *Tornieria* akawa *Tornieria africana*, na *Gigantosaurus robustus* akawa *Janenschia robusta*. Ungekuwa na *sattleri* mahali pale, ungeiacha kama ilivyo.

Hatua ya 5: Safisha tahajia

Jina la kisayansi hukubali herufi 26 za Kilatini tu. Nukta za juu, vistari na ritifaa huondolewa. Paul von Lettow-Vorbeck, jemadari wa Kijerumani tutakayemkuta tena hatua ya 7, alipoteza kistari chake na kuwa *lettowvorbecki*. Neno "von", linalotangulia majina ya ukoo ya Kijerumani, kwa kawaida huachwa, ndiyo maana huoni "vonbrancai".

Kwetu kuna *ng'*. Spishi ikitoka Ng'apa, karibu na Lindi mjini, ritifaa itaondoka na kubaki *ngapensis* (*-ensis* ni mwisho wa majina yatokanayo na mahali). Jina la mtu lenye *ng'* litapata hali hiyohiyo, na hakuna namna ya kuikwepa. Andika tahajia halisi katika maelezo ya asili ya jina, ili msomaji ajue linatamkwaje.

Na tahajia yenyewe uipate kwa mwenye jina, au kwa familia yake. Msikilize akilitamka, kisha umwombe akuandikie au akuonyeshe kitambulisho. Ukikosea na makala ikatoka, jina huwa vigumu mno kurekebishwa: marekebisho yanakubalika tu kama ndani ya makala yenyewe kuna ushahidi wazi kwamba mkono uliteleza.

Hatua ya 6: Tafuta kama jina limeshachukuliwa

Majina ya wanyama yanahesabiwa kuanzia 1758, mwaka wa toleo la kumi la kitabu cha Carl Linnaeus, mwanasayansi wa Sweden aliyeweka utaratibu huu wa majina ya maneno mawili. Jina la jenasi likitumika kwa mnyama yeyote tangu hapo, hata mdudu, hutaruhusiwa kulitumia tena.

Tendaguru imeumia hapa zaidi ya mara moja. Eberhard Fraas alipoelezea dinosaria wa kwanza wa kilima kile mwaka 1908 aliwaita *Gigantosaurus*, kumbe jina hilo Harry Seeley alikuwa amelitumia 1869 kwa mnyama wa Uingereza. Mwaka 1911 Richard Sternfeld akaleta *Tornieria* kuziba pengo. Baadaye mnyama mdogo wa jamii ya mamalia aliitwa *Staffia*, kwa Hans von Staff, mwaka 1999, na jina likagundulika limeshatumika. Mwaka 2004 likawa *Allostaffia*.

Tafuta ZooBank, daftari rasmi la mtandaoni la majina ya wanyama, tafuta hifadhidata za visukuku, kisha tafuta tena kwa tahajia zinazokaribiana. Herufi moja ikitofautiana, majina ya jenasi huhesabiwa tofauti: *Kentrosaurus* wa Tendaguru aliyepewa jina na Hennig mwaka 1915 anaishi kwa amani na *Centrosaurus* wa Kanada.

Hatua ya 7: Jiulize kama mtu huyu anastahili

Hatua hii haina fomu, nami naiona nzito kuliko zote, kwa sababu jina likishachapishwa kwa kufuata kanuni halifutwi kwa sababu halipendezi. Mwaka 1919 dinosaria mdogo mla majani wa Tendaguru aliitwa *Dysalotosaurus lettowvorbecki*. Aliyeenziwa hakuwa mtaalamu wa mifupa. Alikuwa jemadari wa Kijerumani wa Vita ya Kwanza ya Dunia, aliyepigana Mahiwa, hukuhuku Lindi, Oktoba 1917, katika vita iliyowatumikisha watu wetu upagazi na kuwaachia njaa. Mnyama huyo bado anaitwa hivyo, na mwaka 2023 Tume ya Kimataifa inayosimamia kanuni ilisema haitabadilisha majina kwa sababu za kimaadili. Dawa ipo kwa majina yajayo tu.

Basi fuata mambo haya. Usijipe jina lako mwenyewe. Sheria haikatazi, ila wataalamu hawafanyi. Usiuze jina bila wenzako wa utafiti kukubaliana. Kama mtu yu hai, mwombe ridhaa. Kama ametangulia mbele ya haki, waone watoto au wajukuu. Na unapoorodhesha wanaostahili, anza na kadi za hatua ya kwanza kabla ya orodha ya wafadhili.

Hatua ya 8: Chapisha kwa namna inayohesabika

Jina lililo kwenye tasnifu, kwenye bango la mkutano au kwenye mtandao wa kijamii si jina bado. Alan Charig, mtaalamu wa visukuku wa Uingereza, alilitumia jina *Nyasasaurus* tangu miaka ya 1950 kwa mifupa iliyookotwa na Rex Parrington katika bonde la Ruhuhu, Ruvuma, lakini lilipata nguvu mwaka 2013 tu, lilipochapishwa rasmi kama *Nyasasaurus parringtoni*. Charig alikuwa amefariki miaka mingi kabla, na wenzake walimweka miongoni mwa waandishi.

Makala yako iseme wazi kwamba spishi ni mpya, ieleze sifa zinazoitofautisha, itaje kielelezo kimoja cha msingi, yaani holotaipu, kwa namba yake, na itaje makumbusho kinapotunzwa. Kama jarida ni la mtandaoni tu, makala isajiliwe ZooBank kabla ya kutoka, na usajili huo uonekane ndani yake.

Sehemu ya asili ya jina usiifanye ya mstari mmoja. Mfano wa kubuni: "Jina la spishi linamuenzi Hamisi Chilumba wa kijiji cha fulani, mchimbaji, aliyeiona holotaipu na kuongoza kuitoa ardhini." Kazi yake itajwe kama ya mtaalamu mwingine yeyote.

Makala ikitoka, chapisha nakala kwenye karatasi. Moja ipeleke kwa mwenye jina au familia yake, moja ofisi ya kijiji, moja shule ya sekondari iliyo karibu na shimo, na uambatanishe ukurasa mmoja wa Kiswahili unaoeleza mnyama ni yupi, alipatikana wapi, na kwa nini anaitwa hivyo.