Jinsi ya Kuandika Historia ya Jarida Dogo la Hadithi za Kutisha

Anza na matoleo yenyewe. Kumbukumbu za wahariri na waandishi zisome baadaye, kwa sababu mtu akikumbuka mambo ya miaka thelathini nyuma huchanganya miaka na kusogeza matukio. Mfano wetu hapa ni The Fantasy Fan, jarida dogo la Marekani lililotoka kila mwezi kuanzia Septemba 1933 hadi Februari 1935.

Chora jedwali lenye safu hizi: juzuu, namba ya toleo, tarehe ya jalada, ukurasa wa kwanza na wa mwisho, bei, anwani ya mhariri, mchapaji. Jaza kile tu ulichokiona kwenye nakala au kwenye picha zake. Ulichokipata kwa mtu mwingine kiandike kwa rangi tofauti, ukithibitishe baadaye.

Sasa piga hesabu. Juzuu ya kwanza ina matoleo 12, ya pili 6, jumla 18, na miezi inalingana. Kurasa za juzuu ya kwanza zinaendelea toka toleo hadi toleo, 16 kwa kila moja, kwa hiyo toleo la 10, la Juni 1934, lazima lianze ukurasa wa 145. Ukikuta limeanza kwingine, ama mchapaji alikosea namba ama umeruka toleo. Jarida linaloanza upya na ukurasa wa 1 kila mwezi halikupi msaada huu. Hapo tegemea namba za matoleo na tarehe, na ujihadhari na toleo moja lililobeba miezi miwili.

Kagua ukamilifu wa kila nakala. Kijitabu cha kurasa 16 kilichokunjwa na kubanwa pini katikati kina karatasi nne, kila moja ikiwa na kurasa nne. Kwa toleo la Juni 1934, karatasi ya nje hubeba kurasa 145, 146, 159 na 160. Hadithi ya H. P. Lovecraft, mwandishi Mmarekani wa hadithi za kutisha, iitwayo “From Beyond” inaanza ukurasa wa 147, inafika 151, kisha inarukia 160. Pini ikishika kutu na karatasi ya nje ikachomoka, hadithi inakosa mwisho, na anayenakili haraka ataandika kwamba iliishia 151. Pini yenye kutu usiivute. Usilitandaze toleo likalala bapa pia, maana karatasi za bei nafuu za miaka ile zina asidi na hukatikia kwenye mkunjo. Liegemeze pande zote mbili, piga picha kutoka juu ukiweka rula pembeni, na uipe kila picha jina la juzuu, toleo na ukurasa.

Jedwali la pili ni la hadithi, na hapa ndipo makosa mengi hutokea. Usinakili ukurasa wa yaliyomo. Fungua kila hadithi uone kichwa na jina la mwandishi vilivyochapwa pale. Toleo la Machi 1934 lina “Gods of the North” ya mwandishi Robert E. Howard, na shujaa wake anaitwa Amra. Hadithi hiyo awali iliitwa “The Frost-Giant's Daughter” na shujaa alikuwa Conan, mhusika wa hadithi nyingi za Howard. Weird Tales, jarida kubwa la hadithi za kutisha, liliikataa, Howard akabadilisha jina la shujaa na kumpa mhariri wa jarida dogo. Bila safu ya “jina la awali” utaihesabu mara mbili, na utakosa jambo la maana kabisa: hadithi zilizokataliwa na majarida makubwa zilipata pa kusomwa humu.

Weka pia tarehe tatu: ya kuandikwa, ya kuchapwa mara ya kwanza, na ya kuchapwa hapa. “From Beyond” iliandikwa 1920 lakini ilichapwa mara ya kwanza hapa. “Polaris,” ya Februari 1934, ilikwishatoka katika jarida la The Philosopher mwaka 1920.

Barua za wasomaji zisome zote, neno kwa neno. Safu ya “The Boiling Point” iliwaka pale msomaji Forrest Ackerman alipoishambulia hadithi ya mwandishi Clark Ashton Smith iliyotoka katika Wonder Stories, jarida la hadithi za kubuni za kisayansi, Lovecraft na wenzake wakamjibu. Ugomvi huo unaonyesha wazi kwamba wapenzi wa hadithi za kisayansi na wapenzi wa hadithi za kutisha walikuwa wanagombea kurasa zilezile. Mhariri, Charles Hornig, alikuwa na miaka 17 tu. Hugo Gernsback, mchapishaji wa Wonder Stories, aliliona toleo la kwanza akamwajiri kulihariri jarida hilo lake. Kwa hiyo fuatilia kazi nyingine za mhariri sambamba na jarida lake.

Idadi ya nakala usiitaje mpaka uone ankara ya mchapaji au daftari la waliolipia. Zilizochapwa si zilizouzwa, na wahariri hutaja namba kubwa wakiwinda matangazo.

Mwisho, orodhesha maandishi ya mfululizo yaliyokatika kabla ya kuisha. Insha ndefu ya Lovecraft kuhusu fasihi ya kutisha, iliyotoka kwanza katika jarida la The Recluse mwaka 1927, ilichapwa upya kwa mfululizo, ikiwa imerekebishwa, kuanzia Oktoba 1933. Jarida lilipofungwa ilikuwa katikati ya sura ya nane. Andika ilipokomea, kisha ilikotokea nzima: kitabuni, mwaka 1939.