Namna ya Kupanga Vitabu vya Maktaba ya Mtaa kwa Mfumo Mmoja wa Namba

Anayepanga maktaba ndogo ya mtaa, iwe Sinza au Mbagala, anaweza kutumia mfumo wa desimali ulioasisiwa na Wabelgiji Paul Otlet na Henri La Fontaine, ambao huyaweka maarifa yote katika safu moja ya namba: 5 ni hisabati na sayansi asilia, 61 tiba, 62 uhandisi na 796 michezo.

Soma kwanza ukurasa wa yaliyomo, kwa kuwa majina ya vitabu hupotosha mno. Kitabu kinachogusa fani mbili ndicho hasa humsumbua mpangaji. Kitabu cha tiba ya majeraha ya wachezaji, kwa mfano, hupewa 61:796, ambapo nukta pacha huonyesha uhusiano. Iwapo wasomaji wako wengi ni makocha, geuza iwe 796:61. Shika uamuzi mmoja, la sivyo nakala mbili za kitabu kilekile zitakaa makabati tofauti. Kwenye rafu, 61:796 hufuata 61 na kutangulia 611, yaani anatomia.

Andika namba kwa penseli ndani ya jalada pia, kwani kwa unyevu wa Dar es Salaam lebo za mgongoni hubanduka.