Faili la kichanga na kodi zake za ICD-10, unaanzia wapi

Kamwene wadau wa Iringa, Njombe, Mbeya na kote huko kwenye baridi. Hii ni ya nyie mnaokaa na mafaili mkijaza fomu za bima au kuingiza data kwenye mfumo. ICD-10 ni orodha ya WHO inayoupa kila ugonjwa alama ya herufi na namba, na alama hizo ndo tunaziita kodi (codes), sio kodi ya serikali. Faili la mtu mzima ukishaona malaria au presha umemaliza, ila la kichanga ni kasheshe, mtoto ana siku tatu tu duniani tayari ana matatizo manne, na kwenye jalada hana hata jina, imeandikwa "mtoto wa" fulani.

Kwa hiyo cha kwanza angalia uliloshika ni la mtoto au la mama, maana mara nyingi yanakaa pamoja. Kodi zinazoanza na O ni za mama, kwa mtoto haziingii hata iweje. Mama alikuwa na presha ya mimba? Kwake ni O, kwa mtoto unaandika P00.0, na hiyo ni pale tu daktari amesema presha ya mama imemuathiri mtoto, la sivyo acha. Vichanga wana sura yao ya 16, kuanzia P00 mpaka P96.

Sasa ukikuta daktari kaandika "njiti" usikimbilie kuchapa, tafuta uzito wa KUZALIWA, sio wa leo wodini, na hapa ndo watu wengi wanapotea hasa mtoto akiwa wa rufaa maana karatasi ya juu ina uzito wa siku aliyopokelewa. Gramu 999 kushuka chini ni P07.0, 1000 hadi 2499 ni P07.1. Kama uzito haupo kabisa nenda na wiki za mimba, hazijafika 28 ni P07.2, 28 mpaka kabla ya kutimiza 37 ni P07.3. Vyote vikiwepo uzito ndo unatangulia.

Tuchukue mfano wa kutunga. Mtoto kazaliwa Makete mwezi wa saba, baridi ile mnaijua, wiki 31, gramu 1450. Hakulia vizuri, daktari kaandika asifiksia (kukosa hewa wakati wa kuzaliwa), Apga, yaani alama ya 0 hadi 10 ya hali ya mtoto akizaliwa, dakika ya kwanza ilikuwa 5. Kafika Mbeya kwa rufaa joto lake 35.6, daktari kaandika kapoa kidogo, siku ya tatu kawa wa manjano na daktari kasema ni sababu ya unjiti. Hapo una P07.1 ya uzito, P21.1 ya asifiksia (Apga 4 hadi 7, ingekuwa 0 hadi 3 ni P21.0), P80.8 ya kupoa, na P59.0 ya manjano ya njiti. Ona hiyo ya manjano, wengi wangepiga P59.9 (manjano isiyotajwa sababu) wakaendelea na chai wakati sababu imeandikwa mstari wa pili. Na Apga ndogo peke yake haitoshi kuandika P21, lazima faili liseme asifiksia au mtoto alipata shida ya kupumua.

Mimi hizi .9 sizipendi kabisa, zina kazi yake ndio, ila mwisho wa mwezi ukikuta wodi nzima ni P36.9, yaani sepsisi (maambukizi ya damu) ya kichanga isiyotajwa kijidudu, jua kuna mtu hasomi majibu ya maabara. Damu ikioteshwa maabara ikatoa kijidudu cha E. koli ni P36.4, stafilokokasi aurea ni P36.2. Majibu hayajatoka au hakuna kilichoota, basi hapo P36.9 ni halali yake.

Kuna zinazojificha nje ya P. Pepopunda ya kichanga ni A33, kaswende ya kuzaliwa nayo ni A50, na maumbile kama mgongo wazi au mdomo sungura yako kwenye Q. Kitovu kikioza ni P38, hiyo iko nyumbani. Mtoto wa miezi miwili kaja leo na sepsisi mpya huyo sio P36 tena, ni A41, lakini tatizo lililoanzia kwenye kuzaliwa hata likija kuonekana baadaye linabaki P. Na P95 ni ya aliyefia tumboni bila sababu kutajwa, akishavuta hewa hata mara moja hiyo haimhusu.

Faili likiwa na maneno mawili tu, "sick baby", usibuni, mrudishie daktari au intern aandike, atanuna ila ataandika. Kubuni ili klemu (madai ya bima) ipite ni kujitafutia kesi.

Halafu ICD-11, toleo jipya la orodha hii, imeanza kutumika rasmi 2022 na humo vichanga wanaanza na K, KA, KB hivi. Ukiletewa karatasi ya hizo na mtu katoka semina usiichape kwenye fomu ya ICD-10, kule K ni magonjwa ya mfumo wa chakula, utashangaa kichanga wako kawa na vidonda vya tumbo.