Sungura Aliyetoka Kuugua: Namna ya Kumrudisha Kwenye Mazoezi

Kabla ya kumfungulia sungura kizimba akajinyooshe, tazama kwanza kinyesi chake. Vidonge vikiwa vya mviringo na vyenye ukubwa unaolingana, na nyasi kavu anazila mwenyewe bila kubembelezwa, anaweza kuanza. Vikiwa vidogo vidogo au vichache, utumbo bado haujakaa sawa. Ongea na daktari wa mifugo. Usishangae akikuambia umtembeze hivyo hivyo, maana kwa sungura mwenye tumbo zito mwendo mwepesi husaidia utumbo kusukuma chakula. Aliyefanyiwa upasuaji au aliyevunjika mfupa ni habari nyingine: huyo hutulizwa mpaka daktari aruhusu.

Kuanzia, dakika 5 asubuhi na 5 jioni zinatosha. Nyakati hizo ndizo sungura huchangamka kwa kawaida, na jua huwa halijawa kali. Joto humwelemea upesi kwa kuwa hawezi kutoa jasho kama sisi. Sehemu kubwa ya joto la mwili wake hutoka nje kupitia masikio.

Sakafu ndiyo inayoharibu kazi ya wengi. Kwenye vigae au saruji laini miguu ya nyuma humtoka pembeni, na misuli iliyolegea kwa kulala siku nyingi haiwezi kuirudisha. Tandika zulia lisiloteleza, na uweke boksi lenye milango miwili ili akishtuka apate pa kujificha. Kisha weka tawi la majani anayoyapenda hatua moja mbele yake, ukae chini, umsubiri. Akilifikia, mwache ale kidogo kabla ya kusogeza jingine. Wapo wanaomfukuza-fukuza eti achangamke. Wanamtia hofu tu, na hofu yenyewe yaweza kumkatisha hamu ya kula.

Ukilazimika kumbeba, mkono mmoja uwe chini ya kifua na mwingine ushike makalio. Mifupa yake ni myepesi mno kwa nguvu za miguu ile, na teke moja akiwa ananing'inia linaweza kumvunja uti wa mgongo.

Akijikunyata, akafumba macho nusu, au akasaga meno kwa sauti, amechoka au anaumwa. Mrudishe apumzike. Akipumua kwa mdomo, mpeleke kwa daktari papo hapo, kwa sababu sungura hupumua kwa pua.

Kesho yake kagua tena chakula na kinyesi. Kama vyote viko sawa, ongeza dakika chache. Kama amekula pungufu, rudi kwenye muda wa awali. Akikaa nusu siku bila kula chochote, usingoje kesho. Kama ana mwenzake mwenye vurugu, mtoe mgonjwa peke yake kwanza, lakini waonane kupitia wavu wasije wakasahauliana na kuanza kupigana.