Kopo la filamu ukilikuta stoo: cha kufanya kabla hujaitafuta projekta

Mzee akishafariki, stoo inafunguliwa, linatoka kopo la filamu. Kila mtu anataka projekta. Msiitafute kwanza. Mimi niliwahi kuitia kwenye projekta rili ya harusi ya Upanga, yenye upana wa milimita 16, mbele ya bi harusi mwenyewe, sasa ana wajukuu. Matundu ya pembeni yakachanika trrr kama zipu, na watu waliokuwa wanashuka kwenye Peugeot ndiyo wakaishia hapo.

1. Fungua kopo kibarazani, unuse. Harufu ya siki maana yake asetati, yaani plastiki ya mkanda, inaoza na kutoa asidi, na asidi hiyo inazidi kuiozesha. Kwa nyuzi 21 na unyevu wa asilimia 50, filamu mpya huchukua kama miaka 40 kufika hapo. Joto na unyevu wa Dar mnaujua.

2. Yenye siki ikae peke yake, mbali na nzima.

3. Soma ukingo wa mkanda kwa lenzi ya fundi saa. Ukiona SAFETY, pumua. Milimita 35 ya kabla ya 1951 isiyo na neno hilo huenda ni naitreti, plastiki ya zamani: inawaka hata ndani ya maji. Itoe nje ya nyumba, mbali na jua na moto, umwite mtaalamu.

4. Pima kama imesinyaa. Hapa ndipo nilipokosea. Kwa milimita 16 yenye tundu moja kwa kila picha, tandaza mkanda bila kuuvuta, weka rula ndefu ya chuma (tepu ya fundi cherehani inavutika), pima kutoka tundu la kwanza hadi la 41. Nzima ni milimita 305 hivi. Ukipata 302, imepungua asilimia moja. Projekta usiiguse, tafuta skana isiyotumia meno ya kuvuta matundu.

5. Achana na kopo lenye kutu, tumia boksi la plastiki linalopitisha hewa. Weka chumba cha ndani, chini, pasipopigwa jua. AC ya kuwasha mchana na kuzima usiku haisaidii, joto linapanda na kushuka tu.

MASWALI

Mkuu, friza ya nyumbani inafaa?
Inafaa, ila si ile yenye samaki inayofunguliwa kila saa. Funga mifuko miwili isiyopitisha hewa. Ukiitoa, usifungue mpaka kesho yake, la sivyo itatoka jasho. Na Luku isiishe.

Siki naweza kuiosha itoke?
Hapana dada. Iko ndani ya mkanda wenyewe. Baridi inaichelewesha, haiiponyi.

Nimeshaskani, nitupe rili?
Kaka, flashi yako ya 2012 bado inafunguka? Rili weka.